Jinsi ya kuangalia mkanda wa kungfu wa zamani bila kugusa rimoti

Mpwa wangu ana miaka 14. Likizo iliyopita nilimuwekea mkanda mmoja wa Hong Kong wa 1978 nikatoka kidogo kununua vocha, narudi nakuta ameshika rimoti anapeleka mbele, ameruka mazoezi yote kafika pambano la mwisho, alafu ananigeukia, "Anko, mbona huyu jamaa mwanzo alikuwa anapigwa na kila mtu, sasa hivi hagusiki?" Jibu lilikuwa kwenye kile alichokiruka. Tukaanza upya, nikamnyang'anya rimoti nikaikalia, na maswali aliyouliza siku ile ndo yamefanya niandike hii kitu, maana nimegundua vijana wengi wanaziangalia hizi muvi dakika tano, wanacheka midomo isiyoendana na sauti, wanazima, na mimi hiyo inaniuma kweli. Kucheka cheka, zinachekesha, nami nacheka mpaka leo. Ila usizime.

Sasa kwanza chagua mkanda wa maana. Usianze na hizi mpya za kompyuta, anza na za Hong Kong kati ya miaka ya sitini katikati na themanini katikati. Ukiona mwanzoni inakuja ngao ina herufi SB, hiyo ni Shaw Brothers, kaa vizuri. Hawa walikuwa na studio kubwa sana pale Clearwater Bay, ilifunguliwa 1961, waigizaji wengi walikuwa wanalala humohumo kwenye mabweni ya kampuni, asubuhi wanaamka wanavaa joho wanaenda kupigana. Ndani walijenga mtaa mzima wa Kichina wa kizamani, kwahiyo ukiona daraja lile lile na ngazi ile ile kwenye mikanda mitano tofauti, mmoja ni kijiji cha milimani, mwingine ni mji mkuu wa mfalme, macho yako hayajakosea, ni ngazi hiyohiyo. Wapinzani wao walikuwa Golden Harvest, Raymond Chow alitoka kwa Shaw akaianzisha 1970, na hao ndo wakampata Bruce Lee.

Na kwa Bruce Lee hapo inabidi uwe makini, hasa kama unadownload download tu. Marehemu alifariki tarehe 20 Julai 1973 akiwa na miaka 32 tu, na mikanda ya ngumi ambayo yeye ndo steringi, yaani mhusika mkuu, na akaimaliza mwenyewe ni minne, basi. Ule wa tano alifia njiani, wakaja kuumalizia 1978 na watu wanaofanana naye, ndo maana unaona jamaa amevaa miwani mikubwa myeusi hata ndani ya nyumba, au anapigwa picha kwa mgongo. Sasa baada ya kifo chake soko lilikuwa na njaa, wakajitokeza Bruce Li, Bruce Le, Dragon Lee, na wengine kibao, na kwenye vibanda umiza vyetu, yale mabanda ya kuonyesha video mtaani, ubao wa nje ulikuwa unaandikwa BRUCE LEE kwa chaki kubwa, unatoa hela yako, unakaa kwenye benchi, anatokea mtu mwingine kabisa anasugua pua kwa kidole gumba. Tulikuwa tunagombana nje baada ya mkanda, huyu ndo yeye, huyu sio yeye. Ushauri wangu: ziangalie hata hizo, baadhi ya hao jamaa walikuwa wanapigana vizuri sana na walikosa tu jina lao wenyewe, lakini anza na yule halisi ili ujue wenzake walikuwa wanaiga nini.

Ukishaweka mkanda, shughulika na masikio kabla ya macho. Swali la kwanza la mpwa wangu lilikuwa midomo. Mtu anafungua mdomo mara sita, sauti inasema "Hapana." Au mdomo umeshafungwa na bado anaongea. Ni hivi, zamani hizo Hong Kong walikuwa wanapiga picha bila kurekodi sauti, sauti yote inaingizwa baadae studio. Na hapo kwenye seti wenyewe huyu anaongea Kikantoni, huyu Kimandarini, wanaelewana hivyohivyo, alafu anakuja mtu wa tatu kabisa kuwaingizia sauti wote. Ndo maana hata ukiangalia kwa Kichina chenyewe bado midomo haikai sawa. Zile za Kiingereza ziliingizwa na kikundi kidogo cha wageni waliokuwa wanaishi hapo Hong Kong, wachache sana, ndo unasikia mzee wa hekalu kwenye mkanda huu ana sauti ya muuza samaki wa mkanda ule. Na yule mwingiza sauti ana kazi ngumu, maneno yameisha lakini mdomo wa mwigizaji bado unacheza, afanyeje? Anaweka kicheko. Wewe unasikia kicheko kirefu cha adui, ha ha ha ha haaa. Saa ingine ukikisikia jua hapo maneno yalipungua.

Kwetu ikaongezeka sauti nyingine juu ya hizo zote. Tanzania tulikuwa na Lufufu, Kenya wana DJ Afro, Uganda wana maveejay wao wanaotafsiri kwa Kiganda, na hawa hawatafsiri tu neno kwa neno, wanakupa na majina, wanakuonya, wanamsema adui tabia zake. Watu wengine wanasema huko ni kuharibu muvi. Mimi sikubaliani nao hata kidogo, kama mkanda wenyewe ulizaliwa hauna sauti na kila nchi ikauwekea yake basi na sisi tuna haki ya kuuwekea yetu. Ninavyofanya mimi: mara ya kwanza naangalia wenye mtafsiri pamoja na watu, mara ya pili naangalia peke yangu wenye sauti ya Kichina na maandishi chini.

Sauti za ngumi nazo uzizoee mapema. Mkono ukipita hewani unalia kama bendera kwenye upepo, fuuu, na ukigonga unalia kama mtu anapasua kuni. Mkono wa nguo ukikung'utwa tu unalia. Hiyo ni kwa sababu kwenye opera ya Kichina, ambako hawa watu wengi walitokea, kila tendo lina mlio wake, wapiga upatu na matoazi wako pembeni ya jukwaa wanafuata mwili wa mchezaji. Kwenye mkanda wa Lo Lieh wa 1972, King Boxer, kabla hajatumia mkono wake wa chuma viganja vinakuwa vyekundu na unasikia king'ora kama cha polisi, na kile king'ora ni muziki wa Quincy Jones wa tamthilia ya Kimarekani, waliuchukua tu wakauweka. Mara ya kwanza nilidhani polisi wanakuja. Mara ya pili nilikuwa nishajua, kikilia tu kibanda kizima kinasimama.

Haya, sasa watambue watu. Dakika kumi za mwanzo zinakutosha kujua nani ni nani.

Mwenye ndevu nyeupe na nyusi nyeupe ndefu, usimguse, awe mwema au mbaya. Yule mbaya kuliko wote anaitwa Pai Mei, maana yake nyusi nyeupe, ngumi haimuingii, na kwenye mkanda mmoja wa 1977 anavuta hadi sehemu zake za siri ndani ya mwili ili usiweze kumpiga teke hapo, na akikubana mguu wako kati ya mapaja anatembea na wewe hivyohivyo. Mzee wa namna hii ana sehemu moja tu dhaifu na sehemu hiyo inahamahama, kazi ya steringi ni kugundua iko wapi na saa ngapi.

Mlevi mchafu anayelala sokoni, pua nyekundu, kibuyu kiunoni, huyo ndo mwalimu. Steringi atamdharau, atajaribu kumpiga, atapigwa yeye kwa kijiti cha kulia chakula, alafu atapiga magoti.

Wenye vichwa vilivyonyolewa na vinukta juu ni watawa wa Shaolin, vile vinukta ni alama za kuchomwa na udi. Wenye para mbele na msuko mmoja mrefu nyuma, hiyo ni enzi ya Qing, 1644 mpaka 1912, watawala walikuwa Wamanchu na waliwalazimisha wanaume wa Kihan, yaani Wachina walio wengi, kusuka hivyo, ukikataa unakatwa kichwa. Hii ni muhimu uielewe kwa sababu hasira nyingi za kwenye hizi muvi zinatoka hapo, adui sio tu mtu mbaya, ni afisa wa serikali ya wavamizi, na hekalu la Shaolin kwenye hadithi hizi ndo kimbilio la waasi, ndo maana kila mara wanataka kulichoma. Sisi kibandani hatukuwa tunajua hayo yote, lakini tulikuwa tunaelewa kabisa mtu akitozwa kodi na kupigwa mbele ya baba yake.

Alafu kuna kijana mzuri sana mwenye sauti nyembamba, hana hata unywele mmoja wa kidevu, kofia kubwa. Huyo ni msichana. Wewe umejua, mimi nimejua, mpwa wangu alijua ndani ya sekunde tatu, lakini ndani ya muvi hakuna atakayejua mpaka kofia idondoke. Usikasirike, hii nayo imetoka opera, kule wanaume walikuwa wanacheza nafasi za wanawake na wanawake za wanaume na watazamaji wanakubaliana hivyo. Mtafute Cheng Pei-pei kwenye mkanda wa King Hu wa 1966, Come Drink with Me, anaingia kwenye nyumba ya wageni amevaa kiume, anakaa mezani, wahuni wamemzunguka, na yeye ametulia tu. Yule dada alikuwa amesomea baleti, na mkurugenzi alimtaka kwa ajili hiyo, maana King Hu alikuwa anatengeneza pambano kama dansi. Angalia miguu yake, usiangalie panga.

Na hapo kwenye nyumba ya wageni nikae kidogo. Kila mkanda una mgahawa, una ghorofa moja ya mbao, una kingo za mbao nyembamba huko juu, una meza za mraba na mitungi ya pombe. Ukiona kingo za ghorofani jua kuna mtu atazipitia kwa mgongo. Hiyo mbao ni laini, imewekwa ivunjike. Mhudumu ataleta sinia, ataona panga, ataenda chini ya meza, na mwenye mgahawa ataanza kuhesabu hasara. Steringi atapigana na watu kumi bila kumwaga kikombe chake cha chai. Tena usiseme mbona hawaendi nje kupigana, humo ndani ndo kuna benchi, kuna ngazi, kuna nguzo, fundi mzuri anapigana na nyumba nzima.

Sasa swali kubwa, na ndilo watu wote wanacheka. Mbona maadui wako ishirini na wanaingia mmoja mmoja kama wanasubiri zamu ya kinyozi?

Mpwa wangu aliuliza hili kwa uchungu kabisa, "Si wamvamie wote?" Nikamwambia angalia vizuri kamera iko wapi. Kwenye hizi za zamani kamera inakaa mbali, unaona mwili mzima kuanzia kichwa mpaka kiatu, na wanapigana vipigo kumi, kumi na tano, ishirini bila kukatwa. Hakuna kujificha. Wakiingia watu watano kwa mpigo utaona fujo tu, hutaona mkono wa nani umezuia nini. Kwahiyo mmoja anaingia, anapigwa kwa mdundo, pa pa, pa-pa-pa, paa, anatoka, mwingine anaingia kwenye mdundo huohuo bila kuukata. Hiyo ni ngoma jamani. Ukianza kuisikia kama ngoma hutauliza tena swali hilo, utakuwa unatikisa kichwa.

Na wale wanaosubiri hawakai bure. Waangalie. Wanazunguka, wananyanyua rungu wanashusha, wanatishia wanarudi, na mwisho wanapigwa teke wanapaa wanaangukia mgongo juu ya meza, na hiyo meza ilikuwa laini lakini sakafu haikuwa. Wengi wao walilelewa kwenye shule za opera, mfano ile ya mwalimu Yu Jim-yuen pale Hong Kong, mtoto anapelekwa mdogo kabisa, anakaa miaka kumi anafundishwa sarakasi, kuimba na kupigana, na viboko juu. Humo walitoka Sammo Hung, Jackie Chan na Yuen Biao. Chan kabla hajawa Chan alikuwa ni mmoja wa hao wa nyuma. Kwenye ule mkanda wa mwisho alioumaliza Bruce Lee, wa 1973, kuna sehemu Lee yuko chini ya ardhi anawapiga walinzi, mmoja anamshika nywele anamvunja shingo, yule kijana anayevunjwa shingo ni Jackie Chan. Simamisha hapo, muonyeshe mwenzako. Tangu nijue hilo siwezi tena kuwaangalia wale wa nyuma kama takataka, kila mmoja namtazama usoni.

Kuhusu kisa sitakuchosha: "Umemuua mwalimu wangu." Ndo hicho, au baba, au kaka. Kiko hivyo makusudi ili usipoteze muda kukifikiria.

Ila wakianza kutaja staili zao simama usikilize. Kabla ya kupigana watu wawili wanasimama, mmoja anakunja vidole kama kucha, anasema hii ni ya chui milia, mwingine ananyanyua mguu mmoja anatandaza mikono, hii ya korongo. Kuna nyoka, kuna vunjajungu, kuna nyani. Unaweza kudhani wanatunga. Hawatungi yote. Mkurugenzi Lau Kar-leung, yule wa mikanda mingi mizuri ya Shaw, alifundishwa na baba yake, baba yake alifundishwa na Lam Sai-wing, na Lam Sai-wing alifundishwa na Wong Fei-hung mwenyewe, ambaye ni mtu wa kweli kabisa, alikuwa mganga na mwalimu wa ngumi kule Guangdong. Kwahiyo Lau akikuonyesha kucha za chui milia na mdomo wa korongo kwenye mkanda wake anakuonyesha urithi wa ukoo. Wong Fei-hung huyo amechezwa na watu wengi, kuna mzee Kwan Tak-hing aliyeanza kumcheza 1949 akaendelea kwenye mikanda zaidi ya 70, mtu mmoja nafasi moja, alafu Jackie Chan akaja kumcheza 1978 kama kijana mtundu asiyesikia, na Jet Li 1991 kama bwana mwenye heshima. Ukiwaangalia hao watatu kwa kufuatana utajifunza kitu kuhusu namna watu wanavyompenda mzee wao.

Sasa tumefika kwenye mazoezi. Hapa ndo ikalie hiyo rimoti kabisa.

Neno lenyewe kungfu kwa Kichina sio ngumi. Ni ule ustadi unaoupata kwa kazi ya muda mrefu. Mpishi anaweza kuwa na kungfu, muandishi wa kalamu ya wino anaweza kuwa nayo, fundi cherehani pia. Kwahiyo mazoezi ndo muvi yenyewe, pambano la mwisho ni risiti tu. Chukua ule wa Gordon Liu wa 1978, wa vyumba 36 vya Shaolin, ndo huo mpwa wangu alikuwa anauruka. Jamaa amefika hekaluni anavuja damu anataka kufundishwa ngumi alipe kisasi, unajua anafundishwa nini kwanza? Kwenda kula. Mbele ya ukumbi wa chakula kuna maji na magogo yaliyofungwa pamoja yanaelea, unakanyaga unaruka unavuka, ukianguka unaingia kula umelowa. Siku ya kwanza anaanguka. Ya pili anaanguka. Anaamka usiku peke yake anajaribu. Alafu chumba kingine anabeba ndoo za maji kupandisha mlima mikono imenyooshwa pembeni, na kwenye mikono wamemfunga visu vinaangalia mbavu, ukichoka ukashusha mkono unajichoma mwenyewe. Kingine anagonga kengele kwa nyundo yenye mpini mrefu kama mti, kingine anapiga mifuko ya mchanga kwa kichwa. Na hakuna anayemwambia "hii ni kwa ajili ya kumpiga fulani." Anabeba maji tu. Ni baadae sana, adui anakuja na panga, ule mkono uliobeba ndoo unanyooka wenyewe, na wewe uliyekaa ukaangalia ndoo zote ndo unasisimka, yule aliyeruka anaona tu mtu ananyoosha mkono.

Kwenye ule mkanda mwingine wa mwaka huohuo, wa yule mwalimu mlevi, Jackie Chan ananing'inizwa kichwa chini miguu juu, ndoo moja ina maji iko chini, nyingine tupu iko juu, ana vikombe vidogo mkononi, achote chini ajikunje kwa tumbo amwage juu, kikombe kwa kikombe mpaka ijae. Anakaa mkao wa farasi na vikombe juu ya mapaja na udi unawaka chini ya makalio. Mkao wa farasi ndo huu: tanua miguu kuzidi mabega, shuka mpaka mapaja yalale kama kiti, mgongo wima. Fanya kitu kimoja kwa ajili yangu, wakati yeye amekaa hivyo kwenye runinga na wewe kaa hivyo sebuleni. Usiweke udi. Mpwa wangu alikaa sekunde hamsini mapaja yakaanza kutetemeka kama mashine ya kusaga, na kuanzia hapo hakucheka tena kwenye sehemu za mazoezi, alikuwa anaangalia amenyamaza.

Kuruka sasa. Watu wanaruka juu ya ukuta, juu ya paa, juu ya mianzi. Zamani walitumia trampolini iliyofichwa chini ya picha, unaona mtu anaanza kuruka, kamera inakata, unaona miguu inatua. Saa ingine walipiga picha mtu akiruka kutoka juu kuja chini alafu wakaicheza kinyumenyume, ukiangalia vizuri nguo zinakwenda upande usio wa upepo. Baadae zikaja nyaya, na fundi wa nyaya kama Yuen Woo-ping mpaka Hollywood wakamfuata kwa ajili ya Matrix ya 1999. Na ile kasi ya mikono, mara nyingi wanakuwa wamepunguza kidogo mwendo wa kamera wakati wa kurekodi ili ikichezwa kawaida iende mbio. Mimi hili halinipunguzii raha hata chembe, vipigo vyenyewe wamevipiga kweli, wameviongezea mwendo tu.

Na damu. Damu ya Shaw Brothers ni nyekundu inayong'aa kama rangi ya kupaka mlango, imekaa hivyo na hata haijifichi. Ikitoka pembeni ya mdomo ni salama, steringi ataifuta kwa kidole gumba ataiangalia, alafu mtu aliyemtoa hiyo damu yupo matatani. Ikitoka mdomoni kama chemchemi huyo anakufa, ila atapata dakika mbili za kusema jina la aliyemuua na herufi ya mwisho haitamalizika.

Hapa lazima nikuonye. Sisi tulikulia kwenye sheria kwamba steringi hafi. Ilikuwa sheria kabisa, mtu aliyekuwa amekwisha kuona mkanda akisema steringi anakufa anaitwa muongo. Sasa kuna mkurugenzi anaitwa Chang Cheh, yeye sheria hiyo haimhusu. Ukiona steringi wake amevaa nguo nyeupe kabisa, safi, mwanzoni mwa pambano la mwisho, jiandae kisaikolojia. Anachomwa tumboni, anajifunga kitambaa, anaendelea kupigana, anaua wote, na anafia amesimama. Nilivyoona mara ya kwanza nilikuwa mdogo, kibanda kizima kilinyamaza, hakuna aliyeamka kwenye benchi, mwenye deki alikuja kuzima mwenyewe. Na hata mkanda wa Bruce Lee wa 1972 kule Shanghai, mwisho anatoka mlangoni anakimbilia bunduki, anaruka, picha inasimama hewani, risasi zinalia. Hajatua mpaka leo.

Kuhusu mwisho kwa ujumla: nenda chooni mapema. Pambano la mwisho linaweza kuchukua dakika kumi na zaidi, lakini adui akianguka tu muvi imeisha. Hapohapo. Hakuna kwenda nyumbani, hakuna harusi, hakuna kumzika mwalimu, kamera inamrukia usoni steringi, inasimama, maandishi makubwa mekundu, kwisha. Kwa Jackie Chan tu ndo usiondoke, maana kuanzia miaka ya themanini anaweka mwishoni vipande vya ajali zao wakati wa kupiga picha, mtu anaanguka kweli, anabebwa, Chan anacheka huku ameshika kichwa. Kaa uviangalie vyote mpaka jina la mwisho.

Na ukishamaliza, kabla hujaweka mwingine, rudisha nyuma kwenye pambano la mgahawani na umchague mtu mmoja wa nyuma umfuate yeye tu, muache steringi apigane peke yake. Siku ile usiku tulifanya hivyo. Mpwa wangu alichagua jamaa mmoja mwembamba wa mkanda wa kijani kiunoni, tukamuona anaingia, anapigwa, anapinduka juu ya benchi, amekwisha. Tukaweka mkanda wa pili, wa mkurugenzi mwingine kabisa, nusu saa hivi ndani dogo akaruka kwenye kochi, "Anko simamisha, simamisha! Yule si tulimuona amekufa?" Ndo yeye, nguo nyingine, kapewa na masharubu. Tukarudisha nyuma tumuone tena anavyoanguka, na safari hii alianguka vizuri zaidi.